Zama za Washington Zilikuwa za Ona Pia

Kila anapotajwa George Washington na watumwa wake, utetezi huja upesi: usimhukumu mtu wa kale kwa mizani ya leo. Alizaliwa mwaka 1732 huko Virginia, koloni lililosimama kwa tumbaku na kwa jasho la watumwa. Baba yake alipofariki alirithi watumwa kumi, naye ni mtoto wa miaka 11. Kila bwana aliyemfahamu alikuwa nao. Basi alikuwa mtu wa zama zake. Na zaidi ya hayo, huongezwa, yeye alizipita zama zake, kwa kuwa katika wasia wake aliwaacha huru. Nimeyasoma haya vitabuni, nimeyasikia barazani, nimeyasikia kwa walimu ninaowaheshimu. Nayapinga. Wala sihitaji mizani ya leo kuyapinga. Mizani ya wakati ule ule inatosha, tena iliyokuwa ndani ya nyumba yake mwenyewe.

Sina haja ya kumvua Washington sifa zake. Aliongoza jeshi lenye njaa, ambalo askari wake wengine walitembea theluji bila viatu, kwa miaka minane, hadi likaishinda dola iliyotawala bahari. Desemba 1783, wakati angeweza kujifanya mfalme na wengi wakamshangilia, alirudisha mamlaka ya ujemadari kwa Bunge akaenda zake shambani. Alipokuwa rais tangu 1789 alikaa vipindi viwili, akaondoka kwa hiari. Sisi tulioona katiba zikichezewa ili mkubwa mmoja aongezewe miaka tunajua thamani ya tendo lile. Ndiyo maana siwezi kulipita jambo hili kimya kimya. Mtu aliyeweza kuachia dola hakuweza kumwachia msichana mmoja mshonaji.

Msichana huyo ni Ona Judge. Alikuwa mzalia wa Mount Vernon, shamba la Washington kando ya mto Potomac. Mama yake, Betty, alikuwa mtumwa na fundi hodari wa kushona. Baba yake alikuwa Mwingereza, naye fundi nguo, aliyekuja Marekani kwa mkataba wa kazi, akamaliza miaka yake akaondoka. Sheria ya Virginia ilimhesabu mtoto kwa tumbo la mama, kwa hiyo Ona alizaliwa mtumwa. Alipofika umri wa kama miaka kumi aliingizwa nyumba kubwa, akawa mjakazi wa chumbani wa Bibi Martha Washington. Alimvisha, alimtengeneza nywele, alimshonea, alimsindikiza akienda kutembelea wake za wakubwa. Mwaka 1790 serikali ilipohamia Philadelphia, Ona alihamia pia katika nyumba ya rais, pamoja na watumwa wengine kadhaa.

Hapo Philadelphia ndipo utetezi wa zama unapoanza kuvunjika. Jimbo la Pennsylvania lilikuwa limepitisha sheria ya kuukomesha utumwa hatua kwa hatua tangu 1780. Mgeni aliyeingia jimboni na mtumwa wake akakaa naye miezi sita mfululizo, mtumwa huyo aliweza kudai uhuru wake mahakamani. Wabunge walisamehewa sharti hilo, rais hakusamehewa. Mwanasheria Mkuu wa serikali yake, Edmund Randolph, alikwisha kupoteza watumwa kwa sheria hiyo hiyo, naye ndiye aliyewatahadharisha akina Washington.

Washington alifanya nini? Aprili 1791 alimwandikia katibu wake, Tobias Lear, kwamba watumwa warudishwe Virginia kabla miezi sita haijatimia, na kwamba jambo hilo lifanywe kwa kisingizio kitakachowadanganya wao wenyewe na umma pia. Tangu hapo watumwa wa nyumba ya rais walizungushwa kama bidhaa za magendo: mara safari ya Mount Vernon, mara kuvushwa mto kuingia New Jersey kwa siku chache, kisha kurudi, na hesabu ya siku kuanza upya. Mwaka 1788 Pennsylvania ilikuwa imeshapiga marufuku ujanja huo wa kuwatoa watu jimboni ili wasitimize miezi. Rais wa Marekani alivunja sheria ya jimbo lililomkaribisha, akijua anaivunja.

Nawaomba wanaomtetea waisome barua ile kwa utulivu. Mtu asiyejua kwamba analofanya ni aibu hatafuti kisingizio. Mtu wa zama zake, kama zama zake kweli zingekuwa za namna moja, angewapeleka watumwa wake alikotaka mchana kweupe, na asingekuwa na la kumficha mtu. Alificha kwa kuwa aliujua mji aliokuwamo. Mwaka 1786 alikwisha kuwaandikia marafiki zake kwamba angependa kuuona utumwa ukikomeshwa kwa njia ya sheria. Na hao waliokuwa hawaujui ubaya wa utumwa ni nani basi?

Katika majira ya kuchipua ya 1796, mjukuu wa Martha, Eliza Custis, aliolewa na Thomas Law. Ona alipata habari kwamba atatolewa kuwa zawadi kwa bi harusi huyo. Aliijua tabia ya Eliza. Alijua pia kwamba akirudi Virginia safari hiyo, mlango umefungwa. Uzeeni alisimulia mwenyewe: wakati akina Washington wakifunga mizigo ya kwenda Virginia, naye alikuwa akifunga yake, bila kujua anakwenda wapi. Nguo zake alizitanguliza kwa marafiki, watu weusi walio huru, ambao Philadelphia ilikuwa nao maelfu. Jumamosi, tarehe 21 Mei, rais na mkewe walipokuwa mezani wakila, Ona alitoka mlangoni akaenda zake.

Siku tatu baadaye tangazo lilitoka gazetini. Lilimweleza: msichana mwenye madoadoa usoni, macho meusi sana, nywele nyingi, aliyeondoka na nguo nzuri za kubadili. Atakayemleta atapewa dola kumi. Tangazo likasisitiza kwamba hakuchokozwa wala hakupewa sababu yoyote ya kukimbia. Nilipoyasoma maneno hayo kwa mara ya kwanza niliyarudia mara tatu. Watu wale waliamini kwamba kumtoa binadamu kuwa zawadi ya harusi si sababu.

Ona alipata chombo kinachokwenda kaskazini, akafika Portsmouth, mji wa bandari wa New Hampshire. Kiangazi kile kile binti wa Seneta John Langdon, aliyekuwa akimfahamu kutoka Philadelphia, alimwona njiani akamtambua. Habari zikafika kwa rais.

Hapa naomba msomaji aziangalie tarehe. Septemba mosi, 1796, Washington alimwandikia Waziri wake wa Fedha, Oliver Wolcott, amtumie mkuu wa forodha wa Portsmouth ili mjakazi akamatwe na kupakiwa chomboni. Septemba 19, magazeti yalichapa waraka wake wa kuwaaga Wamarekani, ule unaosifiwa hadi leo kwa unyenyekevu, kwa kuwausia wananchi waupende muungano wao na waulinde uhuru wao. Siku kumi na nane ziko kati ya karatasi hizo mbili, na zote zilitoka kwa mtu mmoja. Mwaka 1793 yeye mwenyewe alikuwa ametia saini sheria ya kuwarudisha watumwa watoro, iliyomtaka mwenye mtumwa amfikishe mtoro mbele ya hakimu na kuthibitisha madai yake. Hata sheria hiyo, iliyompendelea bwana kwa kila hali, hakuifuata. Alipitia forodha, kimya kimya, kwa kutumia watumishi wa umma kwa shauri la nyumbani kwake.

Mkuu wa forodha aliitwa Joseph Whipple. Alimwita Ona akijifanya anatafuta mtumishi wa nyumba. Washington alikuwa ameshikilia kwamba msichana ameghilibiwa na Mfaransa fulani. Haikumwingia akilini kwamba mjakazi aliyevishwa na kulishwa vizuri angeweza kuutaka uhuru kwa akili yake. Whipple alizungumza naye, akagundua hakuna Mfaransa, akamwandikia Wolcott kwamba kilichomkimbiza ni kiu ya uhuru kamili. Katika mazungumzo hayo Ona aliweka sharti lake: atarudi kuwatumikia bwana na bibi maisha yao yote, ili mradi aahidiwe kwamba wakifa atakuwa huru. Bila hivyo, heri afe kuliko kurudi na kuuzwa au kupewa mtu mwingine.

Na lizingatie sharti hilo. Mtumwa mtoro, mwenye umri wa miaka 22 hivi, asiyejua kusoma, anaweka masharti mbele ya rais wa nchi kupitia ofisa wake, na sharti lenyewe ni dogo kiasi cha kutia uchungu. Novemba 28 Washington alimjibu Whipple kwamba mapatano ya namna hiyo hayakubaliki kabisa. Alisema, hata kama anapendelea watumwa kuachwa huru taratibu, si busara wala haki kumtunukia asiye mwaminifu kabla ya wenzake waliotulia kazini, maana wao nao wataanza kunung'unika.

Nakubali kwamba hapo Washington alisema ukweli wote. Aliwaogopa waliobaki. Alijua kwamba kila mmoja pale Mount Vernon anatamani kile alichokitwaa Ona, na kwamba utulivu wa shamba lake unategemea wasiamini kwamba kinapatikana.

Wanaomtetea wana jibu la kisheria, na ni jibu zito, nisilipuuze. Ona hakuwa mali ya Washington hasa. Mama yake alitoka katika mirathi ya Custis, mume wa kwanza wa Martha. Washington aliwatumia watumwa hao kwa haki ya mkewe, na baada ya Martha wangekwenda kwa warithi wa Custis. Kumwacha huru kungemlazimu kuwalipa warithi. Sawa. Lakini alikuwa miongoni mwa matajiri wa nchi ile. Thamani ya mjakazi mmoja isingemfilisi. Na hata kama hakutaka kulipa, hakuna sheria iliyomlazimisha kumwinda kwa miaka mitatu.

Kwa kuwa aliwinda miaka mitatu. Januari 1797 Ona aliolewa na Jack Staines, baharia mweusi aliye huru, akapata mtoto wa kike. Agosti 1799 Washington, ameshastaafu, alimwandikia Burwell Bassett, mpwa wa mkewe, kuhusu kumrudisha. Bassett alifika Portsmouth, akamkuta Ona na mtoto wake, mume yuko baharini. Alimbembeleza arudi. Ona akamjibu kwamba ameshakuwa huru, na hivyo ndivyo atakavyobaki. Bassett akaenda kula chakula kwa Seneta Langdon, akamwambia mwenyeji wake kwamba ana maagizo ya kumchukua mama na mtoto kwa nguvu. Langdon akatuma mtu kumwonya Ona. Kabla ya usiku wa manane alikuwa amekwisha kukimbilia Greenland, kijiji cha jirani, kwa familia ya watu weusi walio huru. Langdon huyo mwenyewe alikuwa amepata kumiliki watumwa. Naye ni mtu wa zama zile zile.

Wasia maarufu, ule wa kuwaacha watumwa huru, Washington aliuandika Julai 9, 1799. Barua ya kwa Bassett iliandikwa mwezi uliofuata. Wino wa wasia ule haujazeeka, na aliyeuandika anamtafuta mama mwenye mtoto mchanga.

Mimi sisemi wasia haukuwa kitu. Washington alikuwa na watumwa 123 wake mwenyewe, nao wote walipata uhuru kwa maandishi yale. Aliagiza wazee watunzwe na watoto wafundishwe kusoma na kazi za mikono. William Lee, aliyekuwa naye ubavuni vita vyote, aliachwa huru papo hapo na kuwekewa dola 30 kwa mwaka. Thomas Jefferson, aliyekuwa rais baadaye, hakufanya hata robo ya hayo. Lakini wale wengine wangengoja mpaka Martha afe, na 153 wa mirathi ya Custis hawakuguswa kabisa, ingawa watu wa makundi haya mawili walikuwa wameoana na kuzaa. Martha mwenyewe alianza kuogopa kuishi kati ya watu ambao uhuru wao unangoja kifo chake, akawaachia Januari mosi, 1801. Na Virginia ilikuwa imeruhusu bwana kuwaacha huru watumwa wake tangu 1782. Miaka kumi na saba ilipita kabla ya wasia. Mwaka 1791, tajiri mwingine wa Virginia, Robert Carter wa Nomini Hall, mtu wa tabaka lile lile na mashamba yale yale ya tumbaku, alisajili mahakamani hati ya kuwaacha huru watu zaidi ya 450, akiwa hai, kwa mkono wake. Nani anamkumbuka Carter? Tukimsahau yeye, ni rahisi kusema kwamba hakuna aliyeweza.

Carter hakuwa peke yake. Marafiki, yaani Waquaker, dhehebu ambalo leo lina waumini wengi kule Kaimosi na Kakamega, walikuwa wamewakataza waumini wao kumiliki watumwa. Machi 1790 mmoja wao, Warner Mifflin, alimwendea Washington ana kwa ana kumsihi. Mwezi mmoja kabla yake Benjamin Franklin, mzee aliye karibu na kaburi, alitia saini ombi kwa Bunge dhidi ya utumwa. Lafayette, ambaye Washington alimpenda kama mwanawe, alimwandikia tangu 1783 akimtaka washirikiane kununua shamba na kuwaweka watumwa wakiwa wakulima huru. John Adams, makamu wake na mrithi wake, hakumiliki mtumwa maisha yake yote.

Lakini hata orodha hiyo ya waungwana hainitoshi. Ubovu wa hoja ya zama uko chini zaidi. Tunaposema "zama zile watu wote waliuona utumwa kuwa jambo la kawaida", neno watu tumewahesabu mabwana peke yao. Harry, aliyezaliwa Gambia na kununuliwa na Washington mwaka 1763, hakuuona kuwa jambo la kawaida. Mwaka 1776 alitoroka Mount Vernon akajiunga na Waingereza waliowaahidi watoro uhuru. Vita vilipokwisha, Washington alimtaka jemadari wa Uingereza, Guy Carleton, awarudishe watumwa waliokimbilia upande wake, Carleton akakataa. Harry akasafiri hadi Nova Scotia, kisha 1792 akavuka bahari kurudi Afrika, Sierra Leone, na huko mwaka 1800 akashiriki uasi dhidi ya kampuni iliyowatoza kodi ya ardhi. Jina lake liliandikwa Harry Washington. Kuna mwanamapinduzi gani mwingine wa jina hilo aliyefika mbali hivyo?

Tom naye hakuuona kuwa jambo la kawaida. Alikuwa mtoro sugu. Julai 1766 Washington alimkabidhi kwa nahodha mmoja akamuuze visiwa vya Karibi, akashauri afungwe pingu mpaka chombo kiwe baharini. Akataja anachotaka kwa thamani yake: pipa la asali ya miwa, pipa la ramu, pipa la ndimu kama ni nzuri na rahisi, chungu cha ukwaju wa ratili kumi hivi, na vitamutamu. Sisi wa pwani tunaujua ukwaju. Tunajua unashikwaje mkononi, na unauzwa bei gani.

Na Hercules, mpishi mkuu aliyesifiwa Philadelphia nzima, alirudishwa Mount Vernon akatiwa kazi ya kuchimba udongo na kuponda mawe. Alfajiri ya Februari 22, 1797, siku Washington anatimiza miaka 65, akatoroka. Wiki chache baadaye mgeni wa Kifaransa alipita Mount Vernon, na mtumishi wake akamuuliza binti mdogo wa Hercules, mtoto wa miaka sita, kama ana huzuni kwa kutomwona baba tena. Mtoto akasema amefurahi sana, kwa kuwa baba yuko huru. Mtoto wa miaka sita, aliyezaliwa ndani ya zama zile na asiyejua zama nyingine, alijua. Nani atamwambia huyo kwamba bwana wake hakuweza kujua?

Utetezi huu haukuishia Marekani. Mabwana wa pwani yetu nao husemewa maneno haya haya, kwamba ndivyo ilivyokuwa, na vijiji vya watoro nyuma ya Malindi na Takaungu havitajwi, kana kwamba waliovijenga hawakuwa na maoni. Tena Portsmouth yenyewe haiko mbali nasi kama tunavyodhani. Edmund Roberts, mfanyabiashara wa mji huo huo, ndiye aliyefika Unguja kisha akatia saini na Seyyid Said mkataba wa biashara wa 1833. Ile nguo ya merikani waliyojifunga bibi zetu ikaingia kwa wingi, imefumwa New England kwa pamba iliyochumwa na watumwa wa kusini mwa Marekani. Wakati mkataba ule unatiwa saini, Ona alikuwa mama wa karibu miaka 60, anaishi Greenland, mwendo mfupi kutoka mji wa Roberts.

Aliishi maskini. Jack alifariki 1803. Mabinti zake wawili walitangulia kufa. Alijifunza kusoma, jambo ambalo alisema hakufundishwa nyumbani kwa Washington. Miaka ya 1840 wachungaji wawili, kila mmoja kwa wakati wake, walimwendea na kuchapa maneno yake magazetini. Alipoulizwa kama hajuti kuiacha nyumba ya rais, ilhali maisha yamekuwa magumu kiasi hiki, alisema hapana, yuko huru. Kwa sheria hakuwa huru. Alifariki Februari 25, 1848, bado mali ya warithi wa Custis, na watoto wake walihesabiwa hivyo hivyo.

Nahodha wa chombo kilichomtoa Philadelphia aliitwa John Bowles. Ona alilificha jina hilo miaka arobaini na zaidi, asimletee mtu aliyemsaidia adhabu. Alilitaja mara ya kwanza alipojua kwamba nahodha amekwisha kufa na hakuna awezaye tena kumgusa.